Ujasiri wa Waliodai Uhuru: Maswali Ninayoulizwa Kila Mara Mitaani Nairobi

Jumamosi asubuhi huwa nawatembeza watu katikati ya jiji, kuanzia Barabara ya Harry Thuku hadi Kaloleni. Wengi ni wanafunzi na walimu, na wengine ni watu wazima waliozaliwa hapa hapa Nairobi, wanaoshuka matatu kila siku Tom Mboya bila kuwahi kujiuliza Mboya alikuwa nani. Maswali yao hujirudia. Nimeyakusanya hapa ili atakayekuja aje akiwa na mengine mapya, na asiyeweza kuja asikose.

## Mambo ya msingi

Ujasiri unaouzungumzia ni upi hasa?

Si kutokuwa na woga. Karibu wote nitakaowataja hapa waliogopa, na baadhi yao walilisema hilo wenyewe uzeeni.

Kuna jambo moja ninalomwomba kila mtu alishike kabla hatujapiga hatua ya kwanza. Sisi tunajua kwamba tarehe 12 Desemba 1963 ilifika. Wao hawakujua. Aliyesimama mbele ya bunduki mwaka 1922 hakuwa na kalenda yenye siku ya uhuru. Hata mwaka 1950, Nairobi ilipopewa hati ya kifalme ya kuwa jiji, walowezi walikuwa wakijenga nyumba za kukaliwa na wajukuu wao. Kwa hiyo nikipima ujasiri wa mtu, naangalia alichofanya wakati hakuna aliyemwahidi kwamba atashinda, na naangalia alikuwa na nini cha kupoteza: kazi, shamba, watoto, jina lake. Ukisoma historia kuanzia mwisho kurudi nyuma, kila kitu kinaonekana rahisi.

Mapambano si yalikuwa msituni? Nairobi inaingiaje?

Nairobi ndiko serikali ya kikoloni ilikokaa, ndiko reli ilikopita, ndiko vyama na magazeti yalikozaliwa. Msitu wa Nyandarua na Mlima Kenya ulipiganiwa na Mau Mau, wapiganaji waliochukua silaha dhidi ya wakoloni, lakini risasi, dawa, fedha na habari zilitoka mjini: Pumwani, Kariokor, Bahati, Shauri Moyo, Mathare. Serikali iliujua ukweli huo, na ndiyo sababu ya Operesheni Anvil (soma swali lake huko chini).

Kipande kilikuwa kitu gani, na mbona kila mtu anakitaja?

Kilikuwa cheti cha usajili ambacho kila mwanamume Mwafrika wa kuanzia miaka 16 alilazimika kuwa nacho. Sheria yake ilitungwa mwaka 1915, ikaanza kutekelezwa baada ya Vita vya Kwanza vya Dunia. Kiliandikwa jina lako, mwajiri wako, mshahara wako na siku uliyoachishwa kazi. Mwajiri asipokuandikia kwamba amekuachilia, ukiondoka wewe ni mtoro, na mtoro alisakwa na polisi.

Karatasi hiyo ilikaa ndani ya kikebe cha bati kilichoning'inizwa shingoni kwa kamba. Wakikuyu walikiita mbugi, yaani kengele ya mbuzi. Mzee mmoja tuliyemkuta Kaloleni alitueleza kuhusu cha baba yake. Hakukumbuka maandishi, alikumbuka alama. Alivuta ukosi wa shati lake akapitisha kidole shingoni, akasema hapa palikuwa peusi kuliko pengine, kamba ilipokuwa ikisugua jasho likitoka, na kwamba baba yake alipokivua usiku alikitundika msumarini karibu na mlango asije akakisahau asubuhi akakamatwa. Wanafunzi walinyamaza. Mimi pia.

Kwa hiyo unaposikia kwamba Thuku alipinga kipande, usifikirie malalamiko ya makaratasi. Watu wazima walikuwa wakivishwa kengele.

Nani wa kwanza kudai uhuru kamili hadharani?

Watu hutaja Kenyatta, wengine Odinga. Mimi huwapeleka Kaloleni.

Tarehe 23 Aprili 1950, katika ukumbi wa mtaa wa Kaloleni, palikuwa na mkutano wa pamoja wa KAU (Kenya African Union, chama cha siasa cha Waafrika) na chama cha kisiasa cha Wahindi wa Afrika Mashariki. Hadi hapo viongozi wengi walikuwa wakiomba viti zaidi katika Baraza la Kutunga Sheria, ardhi irudishwe, ubaguzi upunguzwe. Makhan Singh, mpanga vyama vya wafanyakazi aliyekuwa na kiwanda cha uchapishaji cha familia, akasimama akapendekeza kiongezwe kipengele: nchi za Afrika Mashariki zipewe uhuru kamili, na upesi.

Hakuwa mgeni wa jela. Alianzisha chama cha wafanyakazi Nairobi mwaka 1935, akaenda India, akakamatwa huko mwaka 1940 na kuzuiliwa miaka kadhaa. Aliporudi Kenya mwaka 1947 serikali ilijaribu kumfukuza nchini. Alijua kabisa maneno yale yangemgharimu. Wiki tatu baadaye, tarehe 15 Mei 1950, walimkamata yeye pamoja na Fred Kubai. Wafanyakazi wa Nairobi wakagoma, na mgomo ukaenea hadi miji mingine.

Makhan Singh aliachiliwa Oktoba 1961. Hesabu mwenyewe: miaka 11 na ushei, zaidi hata ya Kenyatta. Alizuiliwa kabla ya serikali kutangaza hali ya hatari dhidi ya Mau Mau mwaka 1952, akatoka wengine wote maarufu wameshatoka. Nikiulizwa ni jina gani linalostahili kujulikana na kila mtoto wa shule jijini, jibu langu ni hilo.

## Watu walio kwenye vibao vya mitaa

Harry Thuku alifanya nini hadi akapewa barabara?

Alizaliwa Kambui, Kiambu, mwaka 1895, akawa karani wa simu katika ofisi ya hazina hapa Nairobi. Kwa kijana Mwafrika wa wakati huo hiyo ilikuwa kazi ya kuonewa wivu: kalamu, dawati, mshahara wa mwezi. Mwaka 1921 walowezi walikubaliana kupunguza mishahara ya Waafrika kwa thuluthi moja, huku kodi ya kibanda ikiwa imepanda. Thuku akaanzisha chama cha vijana, kikawa baadaye East African Association kwa sababu hakutaka kiwe cha kabila moja. Hilo lenyewe lilihitaji moyo. Alishirikiana na Wahindi, Waganda, Waislamu wa Pumwani, Wakamba, Wajaluo, wakati serikali ilitaka kila kabila liongee na bwana wake peke yake. Ofisini wakamwambia achague: kazi au siasa. Akaacha kazi.

Alikamatwa tarehe 14 Machi 1922. Wafanyakazi wakagoma, na siku mbili baadaye maelfu ya watu walikuwa wamekaa nje ya kituo cha polisi, karibu na hoteli ya Norfolk. Wajumbe walikwenda kuonana na afisa mkuu wa serikali, wakarudi na ushauri kwamba watu watawanyike. Baadhi ya wanaume wakaanza kuondoka.

Hapo ndipo Mary Muthoni Nyanjiru aliposimama. Akainua nguo yake hadi mabegani, akawaambia wanaume wachukue nguo yake wampe yeye suruali zao, kwa maana kiongozi wao yuko mle ndani na wao wanaogopa. Kwa mila za Wakikuyu hakuna laana nzito kuliko mama wa watu wazima kukuonyesha uchi wake. Wanawake wakapiga vigelegele, umati ukasonga mbele, ukaikaribia mitutu yenye singe. Polisi wakafyatua risasi, na inasimuliwa kwamba Wazungu waliokuwa barazani Norfolk nao walifyatua. Nyanjiru alikuwa miongoni mwa waliokufa. Serikali ilihesabu maiti 21, na waliokuwepo walihesabu wengi zaidi.

Thuku alipelekwa Kismayu bila kesi yoyote, akahamishwa vituo vingine hadi Marsabit, akarudi mwishoni mwa 1930. Barabara ina jina lake. Nyanjiru hana kibao pale alipoanguka, nami kila Jumamosi husimama hapo, magari yakipita, nikatamka jina lake kwa sauti. (Yaliyompata Thuku baadaye yako kwenye maswali magumu.)

Na Muindi Mbingu?

Mwaka 1938 serikali iliamua Wakamba wana ng'ombe wengi mno, ikaanza kuwatwaa kwa nguvu na kuwauza kwa bei ya kutupa. Kiwanda cha nyama kilikuwa kimefunguliwa Athi River mwaka huo huo, kwa hiyo watu hawakuhitaji kuambiwa ng'ombe wanakwenda wapi. Samuel Muindi Mbingu akaongoza safari ya miguu kutoka Machakos hadi Nairobi, wanaume, wanawake na watoto, wakapiga kambi mjini kwa wiki kadhaa wakidai kuonana na Gavana. Hawakurusha hata jiwe. Mbingu alikamatwa akapelekwa Lamu kwa miaka mingi, lakini serikali iliacha kutwaa mifugo.

Hiyo ni miongoni mwa mara chache ambapo wakoloni walirudi nyuma waziwazi, na hatuisemi vya kutosha.

Tom Mboya hakufungwa wala kwenda msituni. Ujasiri wake uko wapi?

Swali hili huulizwa na vijana zaidi, kana kwamba gereza ndilo cheti pekee.

Mboya aliingia kanjo, yaani baraza la jiji la Nairobi, kama mkaguzi wa afya akiwa na miaka 20 na kitu. Alisimulia kwamba siku moja alikuwa peke yake maabara, mama mmoja Mzungu akaingia na chupa ya maziwa ya kupimwa, akaangaza huku na huku, akauliza: hakuna mtu hapa? Mboya alikuwa amesimama mbele yake. Kijana aliyeulizwa hivyo ndiye ambaye Desemba 1958, akiwa na miaka 28, aliongoza kikao cha mkutano wa watu wa Afrika nzima kule Accra, akawaambia wakoloni wakati wao umekwisha, waondoke.

Lakini tazama alichofanya katikati. Mwaka 1953 vyama vya siasa vya Waafrika vilikuwa vimepigwa marufuku, viongozi wote wakubwa wako ndani, na Nairobi iko chini ya hali ya hatari. Mboya akachukua ukatibu mkuu wa shirikisho la vyama vya wafanyakazi, chombo pekee cha Waafrika kilichobaki kina mlango wazi. Kila mkutano alioitisha ungeweza kuwa wa mwisho. Mwaka 1958 yeye na wabunge wenzake walishtakiwa kwa kuwaita wasaliti Waafrika waliokubali katiba mpya ya wakoloni, wakatozwa faini. Mwaka uliofuata ndege ya kwanza ya wanafunzi, vijana 81, iliruka kutoka Nairobi kwenda Marekani kwa juhudi zake. Wakati wengine walidai uhuru, yeye alikuwa akiuliza nani ataendesha ofisi siku ya pili yake.

Wanawake walikuwa wapi?

Kila mahali, isipokuwa kwenye majina ya mitaa.

Nyanjiru nimeshamtaja. Mekatilili wa Menza aliwaapisha Wagiriama huko pwani mwaka 1913, akapelekwa uhamishoni Kisii, upande wa pili wa nchi, akatoroka akarudi kwao kwa miguu. Wambui Otieno alikuwa mpelelezi wa Mau Mau hapa Nairobi, akaishia kizuizini Lamu. Muthoni wa Kirima alipigana msituni hadi akapewa cheo cha juu kabisa, na nywele zake za msituni hakuzikata hadi mwaka 2022, mwaka mmoja kabla ya kufa kwake.

Ukifika Uhuru Park, ile kona ya Freedom Corner, kuna sanamu iliyozinduliwa Septemba 2015. Mwanamke anampa mpiganaji chakula. Zunguka uitazame vizuri: hawaangaliani. Kila mmoja amegeuza uso, ili hata akikamatwa na kuteswa asiweze kumtaja asiyemjua. Nimewaona watu wakipiga picha pale na kuondoka bila kuligundua hilo. Mama aliyetoka Bahati na kapu la viazi lenye risasi chini yake alikuwa akifanya hesabu hiyo kila siku, kisha akirudi nyumbani kupika.

Je, Wahindi wa Nairobi walishiriki, au walikuwa wafanyabiashara tu?

Makhan Singh tumemsoma. Pio Gama Pinto, mwenye asili ya Goa, alizaliwa Nairobi mwaka 1927, akawasaidia wapiganaji kwa fedha na silaha, akakamatwa mwaka 1954 na kufungiwa kisiwani Manda. Katika kesi ya Kenyatta na wenzake kule Kapenguria, Achhroo Kapila, Jaswant Singh na Fitz de Souza walikuwa miongoni mwa mawakili wa utetezi. Hao walikuwa na maduka na ofisi za kupoteza, na jamaa waliowasihi wanyamaze. Wapo walionyamaza pia, kama walivyokuwepo katika kila jamii.

## Hali ya hatari, mahakama na kizuizi

Kesi ya Kapenguria ilikuwa ya haki?

Hapana.

Usiku wa kuamkia tarehe 21 Oktoba 1952, baada ya Gavana Evelyn Baring kutia sahihi hali ya hatari, polisi waliwazoa viongozi wa KAU na wengine wengi. Sita wakashtakiwa kwa kuendesha Mau Mau: Jomo Kenyatta, Bildad Kaggia, Kung'u Karumba, Fred Kubai, Paul Ngei na Achieng' Oneko. Kesi ilipelekwa Kapenguria, mbali na Nairobi na mbali na watu. Mawakili walilazimika kulala Kitale na kwenda na kurudi kila siku. Hakimu Ransley Thacker, yule yule aliyemhukumu Makhan Singh kule Nyeri, alilipwa pauni 20,000 mbali na mshahara. Shahidi mkuu, Rawson Macharia, mwaka 1958 alikula kiapo kwamba alihongwa aseme uongo, na kwa kusema hivyo akafungwa.

Hukumu ilitolewa tarehe 8 Aprili 1953: miaka 7 ya kazi ngumu. Oneko alishinda rufaa na bado hakuachiliwa, alipelekwa kizuizini tu.

Ujasiri wao kizimbani haukuwa wa kelele. Walijibu maswali kwa utulivu kwa miezi, wakijua hukumu imeshaandikwa. Kenyatta, kabla ya kuhukumiwa, alimwambia hakimu kwamba hawaoni kuwa wametendewa haki. Na usiwasahau mawakili. D. N. Pritt, aliyewaongoza, alishtakiwa kwa kuidharau mahakama kwa sababu ya simu ya maandishi aliyopeleka London, akashinda. Dudley Thompson alitoka Jamaika, H. O. Davies Nigeria, Chaman Lall India. Dola ilipotandaa dunia nzima, waliokuwa chini yake walijuana.

Operesheni Anvil ilikuwa nini?

Tarehe 24 Aprili 1954, kabla ya mapambazuko, wanajeshi na polisi zaidi ya 20,000 waliuzingira mji wa Nairobi na kuupekua mtaa kwa mtaa. Wakikuyu, Waembu na Wameru walitengwa na wengine. Walipitishwa mbele ya mtu aliyevikwa gunia lenye matundu mawili ya macho, aliyeitwa gakunia. Akitingisha kichwa hivi unakwenda nyumbani, akitingisha vile unakwenda kambi ya Lang'ata, halafu kambi za kizuizi za Manyani au Mackinnon Road. Maelfu kwa maelfu walizuiliwa bila kesi. Akina mama na watoto wakapakiwa malori kupelekwa vijijini. Jiji likabaki na vyumba vilivyo wazi, sufuria bado mekoni.

Nani alithubutu kumtetea Kenyatta alipokuwa ndani?

Jaramogi Oginga Odinga. Juni 1958, katika Baraza la Kutunga Sheria hapa Nairobi, alisimama akasema Kenyatta na wenzake ndio viongozi wa watu bado. Ukumbi ulilipuka. Walowezi walipiga kelele, na hata baadhi ya wabunge Waafrika wenzake walijitenga naye kwa hofu. Wakati huo kulitaja jina la Kenyatta kwa heshima kulionekana kama kuunga mkono Mau Mau. Odinga, Mjaluo kutoka Bondo, hakuwa na kura hata moja ya kupata kwa kumtetea Mkikuyu aliyefungwa gereza la Lokitaung.

Ndani ya miaka miwili neno "Uhuru na Kenyatta" lilikuwa kwenye kila ukuta. Wa kwanza kulitamka alilitamka peke yake.

Dedan Kimathi alizikwa wapi?

Alikamatwa tarehe 21 Oktoba 1956 huko Nyeri akiwa amejeruhiwa, akahukumiwa kwa kosa la kupatikana na bastola, ambalo chini ya sheria za hali ya hatari lilitosha kunyongwa. Alinyongwa gereza la Kamiti tarehe 18 Februari 1957, akazikwa humo katika kaburi lisilo na alama. Alikuwa mmoja wa watu 1,090 walionyongwa na serikali katika vita hivyo. Sanamu yake katika mtaa wa Kimathi ilizinduliwa miaka 50 kamili baadaye. Mjane wake, Mukami Kimathi, alifariki Mei 2023 akiwa hajapewa mwili wa mumewe auzike.

## Maswali magumu

Harry Thuku si aligeuka akawa upande wa serikali?

Aligeuka, ndiyo. Baada ya kurudi alikuwa mtu mpole wa siasa za taratibu, akalima kahawa, na mwaka 1952 aliilaani Mau Mau hadharani. Alifariki mwaka 1970.

Jibu langu huwaudhi baadhi ya watu, lakini nalishikilia. Alichofanya mwaka 1921 na 1922 kilifanyika. Karibu miaka 9 ya upweke mbali na kwao haifutwi na maneno ya baadaye, na maneno yale ya baadaye nayo hayafichwi kwa sababu ya miaka 9. Ujasiri si cheti unachopewa mara moja ukakitundika ukutani. Mtu anaweza kuwa nao asubuhi ya maisha yake akaukosa jioni, na wote wawili ni yeye.

Babu yangu alikuwa hom-gadi. Nimwone msaliti?

Nimeulizwa hili mara nyingi kuliko unavyodhani, na karibu kila mara mtu hulisema wengine wakiwa wametangulia mbele.

Hom-gadi walikuwa Waafrika waliopewa silaha na serikali kupigana na Mau Mau. Wapo walioua na kupora mashamba ya waliofungwa, na familia zilizoporwa zinajua majina yao. Wapo walioingia kwa kuwa kijiji kizima kilikuwa kimezungukwa handaki na miiba, na asiyeingia alionekana adui. Wapo pia Wakristo waliokataa kula kiapo cha Mau Mau na kukataa bunduki ya serikali, wakashambuliwa na pande zote mbili. Na Lari, usiku wa tarehe 26 Machi 1953, familia za hom-gadi zilichomwa ndani ya nyumba zao, watu zaidi ya 70, wengi wao wanawake na watoto, kisha kisasi cha serikali kikaua wengine wengi. Hatuwezi kuwaheshimu waliokuwa majasiri kwa kuwaficha waliouawa Lari.

Muulize babu, kama bado yuko hai. Muulize bila hasira. Mjukuu anayetaka kujua naye ana moyo.

Waingereza si wangeondoka tu? India ilishapata uhuru 1947.

India ilipata uhuru, lakini Kenya ilikuwa na walowezi, na serikali mwaka 1950 haikuwa ikijiandaa kuondoka. Kilichobadilisha mambo ni gharama ya vita na aibu. Tarehe 3 Machi 1959, kambi ya Hola, wafungwa 11 waliokataa kufanya kazi walipigwa hadi kufa. Serikali ilisema walikufa kwa kunywa maji. Uchunguzi ulionyesha vinginevyo, na bunge la London likawaka moto. Januari 1960 mazungumzo ya Lancaster House yakaanza.

Wale 11 walikataa tu kushika jembe. Hawakujua kwamba kukataa kwao kungefika bungeni Uingereza.

Baada ya uhuru, mbona baadhi ya mashujaa waliangamizwa?

Hili ni jeraha, sitalizunguka. Pinto alipigwa risasi langoni kwake Westlands tarehe 24 Februari 1965, binti yake akiwa ndani ya gari. Mboya aliuawa tarehe 5 Julai 1969 katika barabara ambayo leo ni Moi Avenue, hatua chache kutoka ilipo sanamu yake sasa. Odinga alizuiliwa mwaka huo huo. Kaggia, aliyefungwa pamoja na Kenyatta, aliulizwa na Kenyatta mbele ya umati mwaka 1965: wenzako wamejenga, wewe umejifanyia nini? Kaggia alikuwa akidai wasio na ardhi wapewe ardhi. Alifariki mwaka 2005 akiishi maisha ya kawaida, na kwangu mimi kule kutojifanyia kitu ndilo jibu lake.

Kumkabili Mwingereza kulihitaji moyo wa aina moja. Kumkabili rafiki uliyelala naye gerezani, ambaye sasa ana dola, kulihitaji wa aina nyingine, na waliokuwa nao wote wawili walikuwa wachache.

Uingereza iliwahi kuomba radhi au kulipa?

Mwaka 2009 wazee walifungua kesi London. Mmoja wao, Wambugu wa Nyingi, alinusurika Hola baada ya kupigwa hadi kuzirai na kulazwa miongoni mwa maiti. Tarehe 6 Juni 2013 serikali ya Uingereza ilitangaza kwamba inasikitika, ikakubali kulipa pauni milioni 19.9 kwa watu 5,228. Walitumia neno kusikitika. Wazee wengi walitaka neno jingine. Na kumbuka kwamba hata nyumbani marufuku ya Mau Mau haikuondolewa hadi mwaka 2003, miaka 40 baada ya uhuru.

## Ukitaka kwenda mwenyewe

Naanzia wapi, na inachukua muda gani?

Anzia Barabara ya Harry Thuku, upande wa Norfolk, asubuhi kabla ya jua kuwa kali. Shuka Muindi Mbingu hadi Kenyatta Avenue, iliyoitwa Delamere Avenue, ingia mtaa wa Kimathi, kisha Moi Avenue penye sanamu ya Mboya. Makumbusho ya nyaraka za taifa yako hapo karibu. Freedom Corner iko umbali mfupi wa kutembea kwa upande wa pili. Asubuhi moja inatosha.

Kaloleni panda matatu ya Jogoo Road. Ukumbi bado upo, katikati ya mtaa, chini ya miti. Siku nyingi utakuta vijana wanafanya mazoezi ndani au kina mama wana kikao cha chama. Omba ruhusa, keti kwenye benchi la nyuma, utazame mbele pale mtu alipoinua mkono tarehe 23 Aprili 1950 akaomba kipengele kimoja kiongezwe.